Wasifu wa Kaka Yetu, Aliyeandika Hadithi ya Kivuko

Kaka yetu tunayemsindikiza leo alizaliwa tarehe 4 Juni 1937, katika nyumba ya vyumba viwili iliyokuwa nyuma ya karakana ya reli. Nyumba hiyo haipo tena. Pamekuwa maegesho ya magari, na mlinzi wa pale hakuniamini juzi nilipomwambia kwamba mtu aliyesomwa na nchi nzima alizaliwa chini ya lile gari jeupe. Alikuwa mtoto wa kwanza wa fundi mitambo wa karakana na mfuaji wa nguo za hospitali. Baada yake alizaliwa dada yetu, ambaye ametangulia, kisha mimi ninayewasomea. Wengi wenu mlimwita Mzee Kivuko. Mama alimwita Mkubwa. Waliosema mkubwa ni jalala walikuwa wanamsema yeye, maana kila kilichovunjika nyumbani kwetu, hata kama kilivunjwa na paka, kesi ilikuwa yake.

Kamati ya mazishi ilinipa ukurasa mmoja. Niliwaambia kwamba mtu aliyeishi miaka themanini na ushee hakunjwi kama leso. Wamekubali kupunguza picha.

Mama alifua mashuka ya hospitali mchana kutwa, na jioni alipiga pasi mashati ya maofisa nyumbani. Ilikuwa pasi ya mkaa, nzito, yenye mdomo wa kutolea moshi, na sisi watoto tulikaa upande ambao cheche hazifiki. Mama alianza kusimulia pasi iliposhika moto. Mkaa ulipofifia alinyamaza. Mashati yaliyosalia yaliwekwa kando, na hadithi nayo iliwekwa kando, mara nyingi pale pale penye utamu. Mwisho ulikuwa kazi yetu. Hivyo ndivyo hadithi zilivyosimuliwa wakati huo. Msimuliaji alileta mwanzo na kati, msikilizaji akalala na mwisho, na kila mtu aliamka na wake. Siku hizi mtoto anamaliziwa kila kitu. Hata kwenye televisheni kuna watu wamewekwa wa kumwonyesha mahali pa kucheka.

Hadithi aliyoipenda Marehemu kuliko zote mnaijua, au mnadhani mnaijua. Palikuwa na mwanamke ambaye mwanawe mdogo alichukuliwa ng'ambo ya mto. Mwenye mtumbwi alimvusha yeyote aliyetaka, ila kwa sharti moja: jina lako uliache ukingoni, na ukifika ng'ambo utapewa jingine. Mwanamke alitaka kumfuata mwanawe. Lakini alijua kwamba mtoto yule hakumjua mama yake kwa sura, maana alichukuliwa akiwa mdogo mno. Alimjua kwa jina tu, jina aliloimbiwa mgongoni. Akivuka, atafika kwa mwanawe akiwa mgeni. Asipovuka, atabaki na jina lake, na mtoto hatamwona tena. Mwanamke akafika ukingoni, akatua mzigo. Hapo mama yetu alisimamisha hadithi, akatuacha tuseme kama alivuka.

Dada alikuwa akisema alivuka, kwa sababu mama ni mama hata akiitwa kijiko. Mimi nilisema alimsukuma mwenye mtumbwi majini. Marehemu alisema kitu ambacho kilitufanya sote tuanze upya. Baba, aliyekuwa chumba cha pili akitafuta usingizi, aligonga ukuta.

"Avuke au azame, king'ora cha karakana kitalia alfajiri. Nyamazeni."

"Baba naye hajui," Marehemu alinong'ona, na tukacheka hadi tukagongewa tena.

Alianza shule mwaka 1945. Siku ya kwanza mwalimu mkuu alimwuliza jina, akalisikia, akaona linamsumbua kalamu, akamwandika jingine lililokuwa jepesi kwake. Marehemu alirudi nyumbani nalo, amelikariri njia nzima lisimtoke. Mama alilisikiliza, akamgeuza begani, akamtazama kama mtu anayekagua shati lililotoka kwa jirani.

"Kumbe umeshapanda mtumbwi," akasema.

Alifaulu kila mtihani aliopewa. Ada ilimtosha mtoto mmoja tu, na aliyetosheka nayo alikuwa yeye. Mimi niliingia karakana nikiwa bado sijaota ndevu, nikawa nampitishia baba spana. Simlalamikii. Alichosoma mchana alinifundisha jioni, juu ya meza ile ile ya pasi, na vitabu vyake vilipokwisha kumfaa vilihamia kwangu. Elimu yangu yote ni ya mtumba, lakini ilivaliwa na mtu msafi. Alimaliza chuo cha ualimu mwaka 1958, akafundisha shule za msingi tatu, ya mwisho ikiwa ile ya karibu na posta kuu. Waliosoma kwake wanakumbuka kwamba hakuchapa. Alimtazama mkosaji tu, na wengi waliomba heri fimbo.

Hapo posta ndipo alipompata shemeji yangu, ambaye leo amekaa mbele yenu akiwa mjane. Shemeji alikuwa akiunganisha simu. Shule ilikuwa na simu moja, ofisini kwa mwalimu mkuu, na mwalimu mkuu alikuwa na tabia ya kwenda kunywa chai kwa muda mrefu.

"Namba gani, tafadhali?" shemeji aliuliza siku ile.

"Sina namba."

"Sasa unataka kuongea na nani, bwana?"

"Nimeshampata."

Shemeji alikata simu. Anasema aliikata kwa hasira. Sisi tuliokuwepo harusini, tarehe 14 Septemba 1963, tuna maoni yetu. Walijaliwa watoto wanne. Wa kwanza ni binti yetu fundi cherehani, ambaye nitamtaja tena, na wadogo zake watatu wako hapa na wake na waume zao.

Bendera ya zamani ilikuwa imeshushwa mwaka uliotangulia harusi. Wenye nchi wapya walitaka vitabu vipya vya shule, vyenye watu wetu ndani yake, na walitafuta walimu wanaoweza kuandika. Marehemu alichukuliwa mwaka 1964 akapelekwa kwenye ofisi ya vitabu, ghorofa ya pili, chumba chenye meza nne na feni moja iliyomwelekea mkubwa wao. Sijawahi kumwona na furaha ile tena. Alisema sasa watoto watasoma walichokisikia kwa mama zao. Aliandika hadithi ya mama kwa mkono, kama mama alivyoisimulia, akaisimamisha pale mama alipoisimamishia. Akaipeleka ile nakala moja aliyokuwa nayo, nayo haikurudi. Wakati huo hatukujua kuweka akiba ya karatasi. Mtu uliyemwamini ulimpa kitu chote.

Mkubwa wa ofisi hakuwa mtu mbaya. Alikuja hata kwenye msiba wa baba. Alimwita Marehemu, akamwambia hadithi ni nzuri sana, isipokuwa imekatika.

"Haikukatika, mzee. Inaishia hapo."

"Inaishiaje hapo? Mtoto atabaki na nini?"

"Atabaki anafikiri."

"Ndugu yangu, nchi ina miaka miwili. Nchi ya miaka miwili hailazwi na maswali, italia. Mvushe huyo mama. Mpe jina jipya, jina letu sote, na avuke akiimba."

Marehemu aliomba, akaeleza, akaandika barua, akanyamaza. Kitabu cha darasa la nne kilitoka mwaka 1966, na mama alivuka akiimba. Walipokuja wanajeshi wakaiondoa serikali ile, kitabu kilirudishwa mezani. Mara hii wananchi walimtupa mwenye mtumbwi majini, na mama alivuka akiimba. Walipoondoka wanajeshi, ukaja wakati wa biashara na vyama vingi, mama akanunua mtumbwi wake mwenyewe, akavuka akiimba. Kila serikali ilibadilisha sababu ya wimbo. Hakuna hata moja iliyouliza kama aliimba. Na kila mara aliyeketishwa kuandika mabadiliko hayo alikuwa Marehemu, kwa sababu kitabu kilikuwa na jina lake. Nilimwuliza kwa nini asiache kazi. Akanijibu kwamba akiacha atapewa mtu asiyemjua mama yetu, na huyo atamvusha kwa ndege.

Nyumbani lakini hadithi ilikaa kama ilivyokuwa. Mama alikuwa amehamia kwa Marehemu baada ya baba kufa, na wajukuu waliisikia kwake, jioni, pasi ikiwa sasa ya umeme. Pasi ya umeme haizimiki, hivyo mama alijifunza kuichomoa ukutani alipofika pale pa kusimama. Watoto walijua kuna mama wa shuleni anayevuka, na kuna mama wa bibi ambaye bado yuko ukingoni. Hawakuona tabu yoyote. Mtoto anaweza kuishi na mama wawili. Wakubwa ndio wanaoshindwa.

Nafika sasa mahali ambapo kamati iliniomba nipite haraka. Sitapita haraka, kwa kuwa binti mwenyewe ameniruhusu. Mwaka 1979 binti yetu wa kwanza alifanya mtihani wa kumaliza darasa la saba. Palikuwa na swali kuhusu hadithi ya baba yake: Kwa nini mama aliimba alipokuwa akivuka? Binti aliandika kwamba mama hakuimba, na kwamba haijulikani kama alivuka, kwa sababu bibi hajasema. Alikosa nafasi ya sekondari kwa tofauti ndogo sana. Jibu lile ndilo lililokuwa tofauti yenyewe.

Marehemu alivaa koti, akaenda kwa msimamizi wa usahihishaji. Walikuwa wamesoma chuo kimoja, wamelala kitanda cha juu na cha chini. Aliniambia mazungumzo yao mara nyingi, na kila mara yalikuwa mafupi.

"Mtoto amejibu kweli," Marehemu alisema.

"Kweli ya wapi? Jibu liko kwenye kitabu."

"Kitabu kimekosea."

"Kitabu umeandika wewe, Mkubwa."

Alirudi nyumbani, akala chakula chake, akawaita watoto wote wanne. Mama alikuwepo kwenye kiti chake, amekunja mashuka. Marehemu akasema kwamba kuanzia siku ile, katika nyumba ile, mama alivuka. Akiimba. Atakayeulizwa, shuleni au barabarani, ajibu hivyo, na asiongeze neno. Wadogo walikuwa na mitihani yao mbele. Alikuwa anaokoa watatu baada ya kupoteza mmoja, na sijui baba gani hapa angefanya vingine. Mama alimsikiliza mpaka mwisho.

"Sawa, baba," akasema. "Basi amevuka."

Hakuisimulia tena. Alifariki mwaka 1981, na katika miaka ile iliyobaki wajukuu walipomwomba hadithi aliwatuma wakamletee kitabu.

Binti alipelekwa kujifunza cherehani. Mnamjua ninyi nyote. Nusu ya waliokaa hapa mmevaa mikono yake. Wadogo zake walijibu mitihani vizuri, wakasoma, mmoja ni mhandisi, mmoja daktari wa meno, mmoja anafanya kazi ambayo amenieleza mara nyingi na bado sijaielewa, ila ina kompyuta. Marehemu aliwasomesha bila kulalamika. Alistaafu mwaka 1992, akapewa saa ya ukutani na picha yake akipeana mkono na mtu anayetazama pengine.

Baada ya kustaafu alibaki na haja moja. Alitaka hadithi ichapwe mara moja tu kama mama alivyoisimulia. Hakutaka tuzo wala hakutaka iingie shuleni. Alitaka kitabu kimoja chenye ukingo. Ulikuwa wakati ambapo redio zilisema kila mtu sasa yuko huru kuandika apendacho, akaamini, kama tulivyoamini wengi. Alivaa koti lile lile, akanichukua twende wote kwenye ofisi yake ya zamani. Feni zilikuwa nyingi sasa. Tulikaa kwenye benchi kwa subira ya wazee, mpaka tukapokelewa na kijana mwenye cheo, mwenye adabu kuliko maofisa wote niliowahi kuwaona. Aliposikia mbele yake amesimama nani, aliinuka, akaweka mkono kifuani, akaisema hadithi yote kwa moyo, kuanzia mtoto kuchukuliwa hadi mama kuvuka. Wenzake waliacha kazi wakapiga makofi. Mmoja alifuta machozi.

"Darasa la nne, mzee wangu," kijana alisema. "Kila mtu hapa anayo kichwani. Baba yangu alipokufa ndiyo niliyoisema."

"Nashukuru, mwanangu. Lakini mwisho si huo."

"Mwisho upi tena, mzee?"

Marehemu akamweleza. Kijana alisikiliza kwa heshima yote, akawa kama mtu anayeambiwa na daktari habari ya mgonjwa wake.

"Sasa mzee, ukitutolea kuvuka, tunabaki na nini?"

"Mnabaki na swali."

"Maswali tunayo, babu. Maji hakuna, umeme hakuna, hata sisi wenyewe kila uchaguzi tunaulizana ni kina nani. Kitu ambacho kaskazini wanakijua na kusini wanakijua ni hiki kimoja, kwamba yule mama alivuka. Leo nikichapa kwamba haijulikani, watanipiga mawe. Na mimi mwenyewe nitaokota jiwe."

Alitusindikiza hadi ngazini, akambusu Marehemu mkono. Nilikuwa nimejiandaa kugombana. Nilikosa mtu wa kugombana naye. Zamani aliyekunyang'anya ulimchukia, ukapata nafuu. Huyu alikuwa anatupenda.

"Tutachapa wenyewe," nilimwambia Marehemu barabarani.

Mpiga chapa wa mtaani alikubali. Alitaka aletewe maandishi tu. Marehemu alikaa mezani kwake kuandika, na hapo ndipo yalipotokea yale ambayo yalimfanya akonde kabla ya ugonjwa wowote. Aliandika vizuri mpaka mwanamke alipotua mzigo. Kutoka hapo mkono wake ulimpeleka mtoni. Alifuta, akaanza tena, mama akavuka tena. Alikuja kwangu na karatasi zake.

"Mdogo wangu, mama alikuwa anasemaje pale?"

Nilifungua mdomo. Nilikumbuka pasi, nilikumbuka harufu ya shati lenye unyevu, nilikumbuka baba akigonga ukuta. Maneno sikuyakumbuka. Maana mama hakuuliza hivi hivi kama mnavyouliza bei. Alikuwa na maneno yake machache ya kumsimamisha yule mwanamke ukingoni, ambayo ukiyasikia huwezi kumvusha wala kumrudisha bila kuumia. Tulijaribu siku nyingi. Mimi nilitoa sentensi, yeye akatoa sentensi, na kila iliyokuja tuliigundua: imetoka kitabuni, chapa ya kwanza au ya pili. Tulijua kwamba hadithi haikuwa na jibu. Swali lenyewe tulikuwa tumelipoteza. Dada alikuwa ameshafariki. Tulikwenda hata kule karakana kuwatafuta wazee wenzetu, tukamkuta mmoja, kiziwi.

Mwishowe tulikwenda kwa binti, dukani kwake. Alikuwa anapima kola. Marehemu hakuwa amewahi kuzungumza naye habari hiyo tangu ule mwaka wa mtihani. Alisimama katikati ya vitambaa kama mteja asiyejua atakacho.

"Mwanangu, bibi yako alikuwa anamalizaje ile hadithi? Maneno yake hasa."

Binti aliweka mkasi chini.

"Alivuka, baba. Akiimba."

"Hapana, ile ya bibi."

"Baba, ulitukataza. Mimi nilikuwa mtoto anayesikia. Kila ilipokuja kichwani niliiambia amevuka, amevuka, mpaka ikaacha kuja." Akanigeukia mimi. "Baba mdogo, mpe kiti."

Marehemu hakulia, wala binti. Alimalizia ile kola, akatupikia chai, akatushonea kila mmoja kifungo kilichokuwa kimelegea. Marehemu hakumwendea tena mpiga chapa.

Tarehe 22 Novemba 2018 alipatwa na kiharusi akiwa anafungua dirisha. Upande wake wa kulia ulikufa, na maneno yakaondoka. Daktari alisema yanaweza kurudi mojamoja, tusimchoshe. Tulikaa naye wodini kwa zamu, shemeji asubuhi, binti mchana, mimi jioni, na wale wengine walipopata ruhusa kazini. Alitutazama kwa yale macho yake ya darasani. Alipotaka kusema alikunja uso, akasukuma, kikatoka kitu ambacho si neno, na alijua si neno. Mtu aliyeishi kwa maneno kuwekwa hivyo, sina la kusema. Nilimsomea magazeti. Nilipokosea makusudi, alinyanyua kidole cha kushoto kunirekebisha, na hiyo ndiyo ilikuwa furaha yetu.

Asubuhi ya tarehe 6 Februari alikuja muuguzi mpya, binti mdogo mchangamfu, akasoma jina kitandani. Alifurahi kama aliyeokota almasi.

"Babu Kivuko! Ni wewe? Babu, ehe, niambie mimi, yule mama alivuka kweli?"

Siku hiyo tulikuwepo wote, kwa sababu daktari alikuwa ametuita. Marehemu alimtazama muuguzi. Akakunja uso, akasukuma, na tuliona jasho likimtoka. Nilimshika mkono. Nilidhani, Mungu anisamehe, kwamba sasa linakuja, kwamba kiharusi kimeondoa takataka zote juu na mama yetu amebaki chini.

"Akavuka," Marehemu alisema, wazi kabisa. "Akavuka akiimba."

Wodi nzima ilipiga makofi. Wagonjwa wengine waliimalizia. Muuguzi alikimbia kumwita daktari, daktari akaandika kwamba hali imetengemaa. Watoto walikumbatiana, shemeji alimshukuru Mungu kwa sauti. Binti yetu wa kwanza aligeukia dirisha. Mimi nilibaki nimeshika ule mkono. Marehemu alinitazama, na nawaambia ndugu zangu, alijua alichosema. Alijaribu kukirudisha. Alisukuma tena na tena mchana ule, na kilichotoka ni hicho hicho. Kufika jioni aliacha.

Alifariki tarehe 9 Februari 2019, saa za kubadilishana zamu, kati ya kutoka kwa binti na kufika kwangu.

Ameacha mjane, mabinti wawili na wana wawili, wajukuu tisa, kitukuu mmoja, mdogo wake mmoja, na wanafunzi ambao hakuna anayejua idadi yao, nami sitaki kuibuni.

Mnaona nyuma ya ratiba mlizoshika mmechapiwa maneno yale mawili ya wodini kwa rangi ya dhahabu. Nimeomba yaondolewe. Nimeambiwa zimeshatoka mashineni. Mnaona pia wanafunzi waliopangwa pale upande wa kwaya, katika sare safi. Wametoka shule aliyofundisha, karibu na posta, na baada yangu wataisema hadithi ya Marehemu juu ya kaburi lake. Wamefanya mazoezi wiki nzima. Wamekuja kwa upendo, na wazazi wao wamekuja na simu za kupiga picha. Asubuhi nilimfuata mwalimu wao kando. Nilimwomba kitu kimoja tu, watoto waishie pale mwanamke anapotua mzigo, wanyamaze, waende wakakae. Mwalimu alinisikiliza, akafikiri kwa uaminifu kabisa, akaniambia:

"Ningependa sana, mzee. Lakini wakishaanza hawajui pa kusimamia."

Basi nasimama mimi hapa. Watoto, simameni vizuri, mwenzenu wa mwisho afunge kamba ya kiatu. Kaka, pumzika. Amani iwe nawe, upande wowote ulipo.